Mchanganuzi na Mganga: Wulf Sachs na Kitabu Chenye Majina Mawili

Mwaka 1937 kilitoka London kitabu kilichoitwa Black Hamlet, yaani Hamlet Mweusi. Kichwa chake kidogo kiliwaahidi wasomaji kwamba humo wangeiona akili ya Mwafrika ikifichuliwa kwa njia ya saikolojia changanuzi. Miaka 10 baadaye, mwaka 1947, kitabu hicho hicho, kikiwa kimefanyiwa marekebisho, kilichapishwa Boston, Marekani, kwa jina la Black Anger, yaani Hasira Nyeusi. Mwandishi alikuwa yule yule, Dkt. Wulf Sachs, tabibu wa Johannesburg. Mhusika mkuu naye alikuwa yule yule: mganga kutoka nchi ya Wamanyika, mashariki mwa Rhodesia ya Kusini, ambayo leo ni Zimbabwe. Kitabu kinamwita John Chavafambira.

Mtu aliyeelezwa mwaka 1937 kuwa anasitasita, mwaka 1947 alielezwa kuwa amekasirika. Ninapofundisha historia ya taaluma za jamii katika Afrika ya kikoloni hutumia muda mrefu kuliko ratiba inavyoniruhusu juu ya badiliko hilo la jina, kwa sababu ndani yake naona mambo mawili ambayo kwa kawaida hatupendi kuyaweka pamoja: mtaalamu aliyejifunza kwa unyofu kutoka kwa mtu aliyemtafiti, na mtu aliyetafitiwa akabaki mikono mitupu.

Sachs alizaliwa mwaka 1893 katika Dola ya Urusi, katika familia ya Kiyahudi. Alisoma Petersburg katika Taasisi ya Saikolojia na Neva iliyoasisiwa na Vladimir Bekhterev, mojawapo ya milango michache iliyokuwa wazi kwa vijana wa Kiyahudi katika nchi iliyowawekea kikomo cha idadi vyuoni. Baadaye alikamilisha shahada ya udaktari London, na mwaka 1922 akahamia Afrika ya Kusini. Mwaka huo wachimbaji wazungu wa Johannesburg waliasi wakitaka kazi zao zilindwe dhidi ya wafanyakazi weusi, na serikali ikawapiga kwa mizinga na ndege. Mtu aliyekimbia nchi iliyobagua watu kwa dini na asili alifikia nchi iliyobagua watu kwa rangi. Ila safari hii yeye alihesabiwa upande wa wabaguzi. Nadhani jambo hilo halikumtoka moyoni maisha yake yote, ingawa halikumzuia kufaidi nafasi yake.

Mwishoni mwa miaka ya 1920 alianza kuwatibu wagonjwa weusi katika hospitali ya wagonjwa wa akili ya Pretoria. Wakati huo huo alivutiwa na kazi za Sigmund Freud, akasafiri hadi Berlin, akafanyiwa uchanganuzi na Theodor Reik, mmoja wa wanafunzi wa karibu wa Freud. Kwa wasomaji ambao fani hii si yao, niseme kwa ufupi kwamba saikolojia changanuzi inashikilia kuwa sehemu kubwa ya akili yetu hatuitambui wenyewe. Kwamba matamanio na hofu za utotoni, hasa zinazowahusu baba na mama, huzikwa humo zikaibuka tena kama ndoto, maradhi au ajali za ulimi. Na kwamba mtu akiruhusiwa kusema lolote linalomjia bila kujichuja, mbele ya msikilizaji mwenye subira, anaweza kuzifikia. Sachs aliandika kitabu cha kuieleza fani hiyo mwaka 1934, na Freud mwenyewe akakitilia dibaji. Katika Afrika ya Kusini yeye ndiye aliyeipanda mbegu.

Tuangalie alichokipata Pretoria, maana thamani yake inaonekana tu tukijua wenzake walikuwa wanasema nini. Freud mwenyewe, katika kitabu chake cha mwaka 1913 kuhusu totemu na miiko, alikuwa amewalinganisha watu aliowaita washenzi na wagonjwa wa neva wa Ulaya, kana kwamba utu uzima wa kwetu ni utoto wa kwao. Nairobi, katika Hospitali ya Mathari, Dkt. H. L. Gordon alikuwa akihubiri kuwa ubongo wa Mwafrika umepungukiwa kwa maumbile. Mwaka 1934 mwenzake F. W. Vint alichapisha vipimo vya bongo 100 zilizotolewa katika maiti za Waafrika, akidai vipimo hivyo vinathibitisha upungufu huo. Walowezi waliunda hata chama cha kuchunguza uboreshaji wa mbari. Elimu ya aina hiyo ilitoa jibu rahisi kwa kila aliyeuliza kwa nini mtoto Mwafrika asijengewe shule.

Sachs alichapisha makala mwaka 1933 juu ya wagonjwa wake wa Pretoria, na hitimisho lake lilikuwa kinyume kabisa. Aliona kwamba wazimu wa Mwafrika na wazimu wa mzungu ni mmoja, kwa sura, kwa maudhui na kwa chanzo. Mgonjwa wa skizofrenia mwenye ngozi nyeusi alisumbuliwa na mambo yale yale yaliyomsumbua mwenzake mweupe katika wodi nyingine. Basi kama wagonjwa wanafanana, je, wazima? Hapo ndipo alipohitaji mtu mzima, asiye mgonjwa, atakayekubali kulazwa kwenye kochi na kusema.

Alimpata Rooiyard. Huo ulikuwa uwanja wa vibanda vya kupangisha katika mtaa wa Doornfontein, Johannesburg, ambako Mwanaanthropolojia Ellen Hellmann alikuwa akifanya utafiti wake mnamo 1933. Waliosoma kazi ya Hellmann, iliyochapishwa baadaye mwaka 1948, wanajua maisha ya pale: familia nzima katika chumba kimoja, maji ya bomba la pamoja, wanawake wanaopika pombe iliyopigwa marufuku kwa kuwa mshahara wa mume hautoshi kodi na chakula, na polisi wanaovamia kufukua madebe yaliyozikwa ardhini. Hellmann ndiye aliyemkutanisha Sachs na John, aliyekuwa akiishi hapo na mkewe Maggie.

John alikuwa mganga mwana wa mganga. Lugha ya kwao humwita mtu huyo n'anga, na msomaji wa Kiswahili hahitaji kamusi kuona kwamba neno hilo ni ndugu wa neno letu. Kwa Kiingereza cha wakati ule aliitwa daktari wa uchawi, yaani mtu anayetibu uchawi na mtu anayeufanya wakatiwa katika jina moja la dharau. Sheria nazo ziliandikwa kwa mkanganyiko huo huo: Rhodesia ya Kusini ilikuwa na sheria yake ya kukomesha uchawi tangu 1899, na Kenya ikaweka ya kwake mwaka 1925. Kwa hiyo watu wawili waliokutana pale walikuwa matabibu wote wawili, kila mmoja akiwa na mafunzo, miiko na wateja. Ila mmoja alikuwa na cheti ukutani, na mwenzake aliweza kufungwa kwa kufanya kazi yake.

Kwa karibu miaka miwili na nusu John alizungumza na Sachs akasikiliza. Kilichotoka humo si ripoti ya hospitali. Kimeandikwa kama riwaya, na hapo ndipo nguvu yake na kosa lake vilipo. Sachs anatusimulia utoto wa John kijijini, kifo cha baba, safari ya kusini kutafuta kazi, jikoni za wazungu, wanawake, aibu, ndoto. Anatuambia John aliwaza nini usiku fulani barabarani, kana kwamba alikuwa ndani ya kichwa chake. Wanafunzi wangu hukipenda kitabu hiki kuliko vingi ninavyowapa, na sishangai. Katika miaka ya 1930 ni wapi pengine ambapo mzungu aliandika mamia ya kurasa juu ya Mwafrika mmoja mwenye jina, badala ya kuandika juu ya "mwenyeji" asiye na jina?

Lakini kwa nini Hamlet? Baba yake John alifariki John akiwa mdogo, na mdogo wa baba akamchukua mama kuwa mke. Tena John alikuwa na shaka kwamba ami huyo alimtilia baba sumu. Mtu aliyelelewa na Freud, na kwa Freud Hamlet alikuwa shahidi mkuu tangu mwaka 1900, hakuhitaji zaidi. Mfalme aliyeuawa, ami aliyeoa mjane, kijana anayejua la kufanya na asilifanye: vyote vilikuwepo. Sachs akatangaza kwamba maradhi ya John ni usitaji wa Hamlet, na kwamba maradhi hayo ni ya wanadamu wote.

Nikubali kwanza kilicho chema katika hoja hiyo. Kumwita Mwafrika Hamlet mwaka 1937 kulikuwa ni kumpa nafsi yenye kina, nafsi inayoweza kugawanyika na kujihoji, wakati Gordon na Vint walikuwa wanapima mafuvu. Hilo si jambo dogo. Hata hivyo ndoa ya mjane na ndugu wa marehemu, ambayo Washona huiita kugara nhaka, si uhalifu wa Claudius. Ni desturi ya ulezi, na wengi wa wasomaji wangu wanaijua kutoka kwa bibi na babu zao, kwa wema na kwa ubaya wake. Katika tamthilia, ndoa hiyo ni kashfa inayounguza; katika kijiji cha John, kutokuwapo kwake kungekuwa kashfa. Sachs alilijua hilo, ila kielelezo chake kilikuwa kizuri mno kwake kukiacha.

Hapa naomba nichepuke kidogo. Mwaka ule ule wa 1937, katika nchi ile ile, ilichapishwa tafsiri ya Julius Caesar katika Kisetswana. Mfasiri wake, Sol Plaatje, alikuwa amefariki mwaka 1932, na mwaka 1930 alikuwa ameshachapisha tafsiri ya tamthilia nyingine ya Shakespeare. Plaatje alikuwa mwandishi wa habari, katibu mkuu wa kwanza wa chama kilichokuja kuwa ANC, na aliyeandika kwa uchungu juu ya Sheria ya Ardhi ya 1913. Basi mwaka huo mmoja tunamwona Mwafrika aliyemchukua Shakespeare akamtia katika lugha yake, na Mwafrika mwingine aliyechukuliwa akatiwa ndani ya Shakespeare. Ninapowauliza wanafunzi tofauti iko wapi, mjadala hauishi kabla ya kengele.

Turudi kwa usitaji wa John. Alisita kufanya nini hasa? Alikuwa mtu mweusi mjini Johannesburg. Alitakiwa kutembea na pasi, ile ambayo Kenya tuliijua kwa jina la kipande, na kukosa karatasi hiyo kulitosha kumpeleka jela. Usiku hakuruhusiwa kuwa mitaani bila kibali. Uganga wake, ambao ndio heshima yake, ulikuwa ukimweka pabaya na sheria. Chakula cha nyumbani kilitegemea pombe ambayo ingeweza kumfunga mkewe. Mwaka 1934 Rooiyard ikafungwa kwa jina la usafi wa mji, na wakazi wakatakiwa kuhamia mbali na kazi zao. Mwaka 1936 Bunge likawaondoa Waafrika wa Jimbo la Rasi katika daftari la kawaida la wapigakura, haki waliyokuwa nayo kwa vizazi. Kusitasita mbele ya ukuta wa namna hiyo si dalili ya jambo lililozikwa utotoni. Anayejua kwamba kila hatua ina faini yake hupima kabla ya kuinua mguu.

Sifa ya Sachs, na kwangu ndiyo sababu ya kumkumbuka, ni kwamba alianza kuliona hilo ndani ya kitabu chenyewe. Anakiri kwamba kwa muda mrefu alimwona John kama kitu cha kuchunguzwa, na kwamba shida zilipomkuta John ndipo alipomwona kuwa mtu. Walisafiri pamoja hadi nchi ya Wamanyika. Kadiri kurasa zinavyosonga, lugha ya Freud inapungua na polisi, makarani na maofisa wanaongezeka. Daktari aliyeanza kwa kuuliza ndoto anaishia kuuliza mshahara.

Kati ya 1937 na 1947 mengi yalitokea. Ulaya ilionyesha ilivyoweza kuwafanya Wayahudi, watu wa Sachs mwenyewe. Johannesburg ilipanuka kwa viwanda vya vita na kujaa wafanyakazi weusi. Mwezi Agosti 1946 makumi ya maelfu ya wachimbaji Waafrika waligoma wakidai mshahara, na polisi wakawarudisha mashimoni kwa nguvu. Sachs naye alikuwa ameingia katika uandishi wa kisiasa wa mrengo wa kushoto. Alipokirudia kitabu chake kwa ajili ya wasomaji wa Marekani aliuandika upya mwisho wake, akampa John mwelekeo wa kisiasa zaidi, na akaondoa jina la mwana wa mfalme wa Denmark kwenye jalada.

Kuna wanaosema marekebisho hayo ni ya mwandishi anayepaka rangi mpya ukweli wa zamani: kama John wa 1937 hakuwa na siasa, John wa 1947 alizitoa wapi? Pingamizi hilo lina uzito. Huenda hasira ile ilikuwa ya Sachs zaidi. Lakini naona uwezekano mwingine ambao wahakiki huupita haraka: kwamba hasira ilikuwapo tangu siku ya kwanza, na kwamba msikilizaji aliyefundishwa kusikia habari za baba na mama hakuwa na sikio la kusikia habari za polisi. Tukisoma toleo la kwanza kwa makini tunaikuta kila mahali.

Sachs alifariki mwaka 1949, mwaka mmoja baada ya chama cha makaburu kushika serikali kwa ahadi ya ubaguzi kamili. Miaka minne baadaye Shirika la Afya Duniani lilichapisha kitabu juu ya akili ya Mwafrika katika afya na maradhi, kikakusudiwa kuwa muhtasari wa elimu yote iliyokuwapo. Aliyepewa kazi hiyo ni J. C. Carothers, daktari aliyeisimamia Mathari kuanzia 1938 hadi 1950, na ambaye aliiingia kazi hiyo bila mafunzo rasmi ya magonjwa ya akili. Huyu alikuwa ameandika mwaka 1951 kwamba tabia ya Mwafrika inafanana na ya mzungu aliyekatwa sehemu ya mbele ya ubongo. Mwaka 1954 serikali ya Kenya ilimchapishia ripoti juu ya saikolojia ya Mau Mau, ambamo uasi wa watu walionyang'anywa ardhi unaelezwa kama mtikisiko wa akili za Wakikuyu waliotoka katika mila zao bila kufika penginepo. Frantz Fanon alimjibu Carothers mwaka 1961, na jibu hilo ndilo tunalolikumbuka.

Watumishi wa umma mnaosoma ukurasa huu mtanielewa nikisema kwamba kilichoamua nani asikilizwe hakikuwa ubora wa ushahidi. Sachs alikuwa amemsikiliza mtu mmoja kwa miaka miwili na nusu. Carothers alikuwa na takwimu za wodi na cheo. Ripoti ya pili ilitoa jambo ambalo ofisi ingeweza kulitekeleza. Ya kwanza, ikisomwa kwa uaminifu, ilitaka pasi zifutwe na mishahara ipandishwe, na hakuna idara iliyokuwa na fungu la fedha kwa ajili hiyo.

Mwaka jana, nilipomaliza somo hili, mwanafunzi mmoja wa kike aliyeketi nyuma aliuliza kama John alilipwa. Nilimjibu kwa maneno mengi juu ya maadili ya utafiti ya zama zile. Alinisikiliza kwa heshima, kisha akauliza tena: "Daktari, alilipwa?" Toleo la 1996 la kitabu hicho, lililotolewa na chuo kikuu kimoja cha Marekani, lina jina la Sachs na dibaji mbili za wanazuoni wakubwa, Saul Dubow na Jacqueline Rose, tena dibaji nzuri sana. Hati zote tulizo nazo juu ya mazungumzo yale zimepita katika kalamu ya upande mmoja.

Swali lake lilinifuata hadi ofisini, kwa sababu katika kabati langu mna kanda za kaseti nilizorekodi nilipokuwa nikiandika tasnifu yangu ya uzamivu. Ni sauti za wazee wa kiume na wa kike walionipokea, wakanipa chai na viazi, wakanisimulia walivyohamishwa katika mashamba yao. Katika tasnifu wanaitwa Mhojiwa wa 1, Mhojiwa wa 2, na kuendelea hadi wa 31. Nilifanya hivyo kwa kufuata kanuni za kulinda faragha, na kamati ya maadili iliniidhinisha. Hakuna hata mmoja wao aliyeniomba nimfiche. Mzee mmoja alinitajia majina yake yote matatu na la babu yake, taratibu, akasubiri niyaandike.

Katika likizo hii nimeanza kunakili kanda hizo katika kompyuta, moja moja, kwa lugha zilimosemwa. Nimepiga simu katika vijiji viwili. Kwa mzee wa majina matatu aliipokea simu mwanawe. Baba amefariki, aliniambia, lakini sauti yake wangependa kuisikia.